Waliokimbia na majahazi 1991, lugha yao wanaitunzaje?

Mwana_Langoni: Asalamu aleikum. Hapa mtaani Lamu kuna bibi wa Kibajuni alikuja na jahazi toka kisiwa cha Chula huko Somalia 1991, Rais Siad Barre kashaangushwa na vita vimechacha, hana hata picha ya kwao ila akihadithia utadhani jana. Wajukuu wanamjibu Kiswahili cha shule tu, naumia kweli. Wenzao huko waliko wanafanyaje?

Nahodha_Kiwayu: Waaleikum salaam. Januari ile ilikuwa kaskazi, upepo wasukuma kusini, ndo vyombo vikafika Kiunga, Lamu hadi Mombasa na watu wamejazana juu ya watu. Kibajuni chake kiko hai huku bwana, Faza na Ndau ni lugha ya kila siku, wapeleke hao watoto likizo wakacheze na wenzao. Wenye kazi ngumu ni Wabarawa, wale wa mji wa Barawa hukohuko Somalia.

BintiMiini: Kweli kabisa, mamangu wa Barawa. Chimiini, lugha yetu, ni ndugu wa Kiswahili lakini mtu wa Lamu akisikia mara ya kwanza anapotea, na watu wetu wengi walipita Mombasa wakatawanyika Uingereza na Marekani. Kinachotushika ni steenzi, mashairi ya dini ya kina Dada Masiti, yule mshairi wetu wa kike, mama anayaimba akikanda unga nami nimeyashika bila kufundishwa. Mrekodi bibi kwa simu, majina ya samaki, ya pepo za bahari, ya visima vyao. Nyanyangu sikuwahi, sauti yake naikumbuka ila maneno siyapati tena.

Mwana_Langoni: Leo baada ya alasiri naenda kwake inshallah.