Mjadala: Mtu asiyeumwa apigwe kamera ya utumbo, au aanze na kipimo cha choo?

Wakuu, tulijadili hili bila ushabiki. Marekani, tangu 2021, jopo lao la wataalamu wa kinga ya magonjwa linashauri watu waanze kuchunguzwa saratani ya utumbo mpana wakifika miaka 45, na wengi huko hupelekwa moja kwa moja kwenye kolonoskopi, yaani hiyo kamera ya utumbo. Uingereza unaletewa kichupa kwa posta, unatia choo kidogo, unakirudisha. Kamera ni kwa ambao kipimo kimeonyesha damu.

Mimi niko na Waingereza. Naongelea asiye na dalili. Anayetokwa damu haja kubwa, anayekonda bila sababu, au mwenye mzazi au ndugu aliyeugua, huyo awahi kwa bingwa.

Utumbo hutoboka kwa kama watu 3 katika kila 10,000 wanaochunguzwa kwa kamera, na kama 15 hutokwa na damu nyingi, hasa daktari anapokata vinyama vilivyoota ndani ya utumbo. Wachache, sawa. Ila huyo mmoja aliingia mzima, anatokea chumba cha upasuaji.

Mchangiaji 2: Mkuu umetaja hasara, faida umeiruka. Kamera haiangalii tu, inakata kinyama kabla hakijageuka saratani. Kipimo cha choo kinasubiri damu, na vinyama vingi havitoi damu. Halafu kikionyesha damu unakwenda wapi? Kwenye kamera hiyo hiyo.

Mleta mada: Nakwenda nikiwa na sababu. Utafiti wa Poland, Norwei na Sweden uliotoka 2022 ulifuata watu zaidi ya 84,000 kwa miaka 10. Walioalikwa kupimwa kwa kamera, saratani ilipungua kwa asilimia 18. Vifo havikupungua kwa kiwango cha kujivunia.

Mchangiaji 2: Malizia basi! Walioitikia mwaliko ni asilimia 42 tu. Watafiti wenyewe walikadiria kwamba wangekwenda wote, saratani ingepungua kwa kama asilimia 31. Na kati ya waliopimwa, takriban 11,800, hakuna aliyetoboka utumbo. Waliovuja damu nyingi ni 15, na ndani ya siku 30 hakufa hata mmoja kwa sababu ya kipimo.

Mchangiaji 3: Mnabishana asilimia, huku mtaani tunauliza bei. Bima ya wengi haigusi kipimo cha mtu mzima wa afya.

Mchangiaji 4 (nesi wa endoskopi, yaani vipimo vya kamera): Shida nyingi ninazoziona zinaanza nyumbani, kabla kamera haijaingia. Mtu kaambiwa amalize dawa ya kusafisha tumbo, anakunywa nusu, jana yake kala mchicha. Daktari anaingiza kamera anakuta majani yamegandia ukutani. Hapo hakuna anachokiona, ni kurudia siku nyingine. Mwingine ana kisukari, kafunga tangu jana na insulini kachoma kama kawaida, anafika anatetemeka jasho linamtoka. Mwingine anameza dawa za kuyeyusha damu, hajasema mpaka yuko kitandani. Na wenye figo mbovu msijinunulie dawa ya kusafisha tumbo dukani. Zile za fosfeti zimeumiza figo za watu, Wamarekani walizitolea onyo kali 2008.

Mleta mada: Dada, hapo umenipa nguvu. Kama maandalizi yenyewe ni mtihani hivi, kwa nini tumtie humo asiye na tone la damu kwenye choo?

Mchangiaji 4: Kwa sababu wewe kichupa utakipeleka mara moja, ikitoka safi umeridhika. Kinatakiwa kurudiwa kila mwaka au miwili. Utarudi?

Mleta mada: Nitarudi.

Mchangiaji 2: Wanaume wote husema hivyo.