Ujamaa wa Kikristo na vyama vya wafanyakazi: je, uhusiano wao ulikuwa wa kweli?

Kijana wa Kibosho (Moshi) ameuliza:

Shikamooni wakubwa, na salamu kwa wengine wote.

Katika jumuiya yetu ndogo ndogo hapa Moshi yamezuka mabishano ambayo mpaka sasa hayajapata mwamuzi. Mzee mmoja tunayemheshimu alisema kwamba ujamaa wa kila aina ni mtoto wa Karl Marx, kwamba Marx alimkana Mungu, na kwamba kwa sababu hiyo Mkristo anayejiita mjamaa anajidanganya mwenyewe. Mwenzake, ambaye kwa muda mrefu alikuwa katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi, alimjibu kwamba huko Uingereza vyama vya wafanyakazi vilianzishwa na wahubiri, na akaongeza kwamba hata KNCU yetu, yaani chama kikuu cha ushirika wa kahawa cha Kilimanjaro, ina asili yake katika fikra za makasisi wa Kiingereza wa karne ya 19.

Ningependa kujua ni nani aliye karibu na ukweli. Je, wajamaa wa Kikristo walisimama kweli pamoja na wafanyakazi, au walikuwa wasomi waliowahurumia kwa mbali? Na je, kuna njia yoyote inayotoka kwao hadi kwenye ushirika wetu wa kahawa na Azimio la Arusha, au ni hadithi tu?

Mwalimu Mstaafu (Arusha) amejibu:

Marahaba, kijana.

Tukianza na mzee wenu, tarehe zenyewe hazimsaidii. Mwaka 1834 vibarua sita wa shambani kutoka kijiji cha Tolpuddle, katika jimbo la Dorset, walihukumiwa kupelekwa uhamishoni Australia kwa miaka 7 kwa kosa la kula kiapo cha siri walipoanzisha chama chao, baada ya ujira wao kuteremshwa hadi shilingi 7 kwa wiki. Kiongozi wao, George Loveless, alikuwa mhubiri mlei wa Kimethodisti, na wengi wa wenzake walikuwa Wamethodisti pia. Wakati huo Marx alikuwa kijana wa miaka 15. Kelele za umma zilikuwa kubwa kiasi kwamba walisamehewa mwaka 1836, na hadi leo vyama vya wafanyakazi vya Uingereza huwaadhimisha kila mwaka.

Hata hivyo, Loveless hakujiita mjamaa wa Kikristo, na hapa ndipo wengi wanapochanganya mambo mawili tofauti. Waliojipa jina hilo ni kikundi kidogo cha wasomi wa Kanisa la Anglikana waliokutana London mwaka 1848, mara baada ya mkutano mkubwa wa Wachartisti, yaani wafanyakazi waliodai haki ya kupiga kura, uliofanyika Kennington tarehe 10 Aprili. Watatu kati yao ndio wanaokumbukwa zaidi: kasisi na mwanateolojia Frederick Denison Maurice, kasisi na mwandishi Charles Kingsley, na mwanasheria John Malcolm Ludlow, ambaye alikulia Ufaransa na aliyaona mapinduzi ya Paris ya mwaka huohuo. Mafundisho yao yalisimama juu ya hoja moja, kwamba ushindani wa kibiashara unaomfanya mtu ale kwa kumnyima mwenzake ni kinyume cha utaratibu wa Mungu, na kwamba watu wameumbwa kushirikiana. Kingsley alithubutu kuandika kwamba makasisi wameitumia Biblia kama kitabu cha mwongozo cha polisi, na kama kasumba ya kuwatuliza wanyama wa mizigo huku wakizidi kutwishwa. Maneno hayo yaliandikwa na kasisi wa parokia ya shamba, si na mkomunisti.

Wakomunisti wenyewe hawakupendezwa na ujamaa wa aina hiyo. Katika Ilani yao ya mwaka huohuo wa 1848, Marx na Engels waliudhihaki ujamaa wa Kikristo kuwa ni maji ya baraka ambayo kasisi huyatumia kuubariki uchungu wa moyo wa kabaila. Kwa maoni yangu dhihaka hiyo iliwafaa baadhi ya watu na haikuwafaa wengine, na kundi hilohilo la London linaonyesha tofauti hiyo. Mwaka 1850 walianzisha karakana za ushirika, ya kwanza ikiwa ya mafundi cherehani, ili mafundi wafanye kazi bila tajiri wa katikati. Katika miaka michache nyingi zilikufa kwa uhaba wa mtaji, usimamizi dhaifu na ugomvi wa ndani. Lakini mwaka 1852, waajiri walipowafungia nje ya viwanda mafundi mitambo ili kuvunja chama chao, Ludlow na mwenzake Thomas Hughes waliwaunga mkono hadharani, ilhali Maurice, aliyechukia kila kitu kilichonukia mapambano ya matabaka, alisitasita. Wafanyakazi waliona nani alikuja na nani alibaki nyuma.

Kwa hiyo jibu langu kwa swali lako la kwanza ni kwamba uhusiano ulikuwa na nguvu zaidi pale ambapo mhubiri na mfanyakazi walikuwa mtu mmoja. Joseph Arch, aliyeanzisha chama cha kitaifa cha vibarua wa mashambani mwaka 1872, alikuwa kibarua wa kukata ua na pia mhubiri wa Kimethodisti. Keir Hardie aliingia kwenye mgodi wa makaa ya mawe akiwa na miaka 10, akajifunza kusema mbele ya watu katika mikutano ya dini na ya kupinga ulevi, akawa kiongozi wa wachimba migodi, na mwaka 1893 akaongoza kuanzishwa kwa Chama Huru cha Wafanyakazi katika mji wa Bradford. Watu wa namna hiyo walifundishwa na vikanisa vyao mambo ambayo shule haikuwapa: kuendesha kikao, kutunza daftari la michango, kusimama na kujieleza. Mwanachama yeyote wa chama cha msingi hapa kwetu anajua kwamba mambo hayo matatu ndiyo chama chenyewe.

Kuhusu KNCU nitarudi, maana ni habari ndefu kidogo.

Binti wa Marangu amejibu:

Shikamoo Mwalimu. Ninaongeza upande wa Wakatoliki, kwa kuwa muulizaji ametaja jumuiya ndogo ndogo na bila shaka mzee wake atauliza Roma ilisema nini.

Roma ilisema mambo mawili kwa pamoja. Waraka wa Papa Leo wa XIII, Rerum Novarum, uliotolewa tarehe 15 Mei 1891, uliukataa ujamaa kwa sababu ya mafundisho yake kuhusu mali binafsi, lakini papo hapo ulitetea haki ya wafanyakazi kuungana katika vyama vyao na ukasema kwamba ujira lazima utoshe kumtunza mfanyakazi mwenye maisha ya kiasi, hata kama yeye mwenyewe amekubali pungufu kwa sababu ya shida. Kwa tajiri wa kiwanda wa wakati ule, sehemu hiyo ya pili haikuwa habari njema hata kidogo. Miaka 40 baadaye Papa Pius wa XI aliandika waziwazi kwamba mtu hawezi kuwa Mkatoliki mwema na wakati huohuo mjamaa halisi. Mzee wa Kibosho, kwa hiyo, ana andiko la kusimamia, ila asilitumie kupinga vyama vya wafanyakazi, kwa sababu waraka uleule unavitetea.

Tena waraka wa 1891 ulitanguliwa na matendo. Mwaka 1889 makuli wa bandari ya London waligoma kwa muda wa wiki tano hivi wakidai peni 6 kwa saa. Wengi wao walikuwa Wakatoliki wa asili ya Ireland. Kardinali Henry Manning, akiwa mzee wa miaka 81, aliingia katikati, akazungumza na wakuu wa bandari, kisha akaenda Poplar kuzungumza na viongozi wa mgomo hadi mapatano yakapatikana, na peni 6 zikakubaliwa. Sijui kama anastahili kuitwa mjamaa, wala sidhani kwamba makuli walijali jina.

Ufaransa mambo yaliishia kwa uchungu zaidi. Baada ya Vita ya Pili ya Dunia baadhi ya mapadre waliingia viwandani kama vibarua wa kawaida. Wakajiunga na vyama vya wafanyakazi, wengine katika kile kilichoongozwa na wakomunisti, na mwaka 1954 Roma ikawataka waache. Wapo waliotii na wapo waliobaki viwandani.

Mpiga Chapa wa Kaloleni (Arusha) amejibu:

Naomba niweke tahadhari kabla hatujafika mbali. Kuna watu wanaotaka kuligeuza Azimio la Arusha kuwa tunda la Kanisa kwa sababu tu Mwalimu Nyerere alikuwa Mkatoliki. Si haki. TANU, chama cha Nyerere, ilijengwa na Waislamu wengi tangu mwanzo, na Rashidi Kawawa, aliyekuwa katibu mkuu wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, TFL, lilipoanzishwa mwaka 1955, alikuwa Mwislamu. Nyerere mwenyewe aliandika kwamba ujamaa ni jambo la maisha ya hapa duniani na haumdai mtu dini fulani, na alikataa kabisa wazo la kuwa na teolojia ya ujamaa, iwe ya Marx au ya mtu mwingine. Alipozungumza na masista wa Maryknoll huko New York mwaka 1970, ndipo alipogeuka na kuliambia Kanisa kwamba lisiposhiriki kupambana na mifumo inayowakandamiza maskini, litahesabiwa kuwa sehemu ya ukandamizaji huo. Huko alizungumza kama muumini na Kanisa lake, na tusichanganye hotuba hiyo na sera ya nchi.

Jambo la pili linawahusu wafanyakazi. Baada ya maasi ya wanajeshi ya Januari 1964, viongozi kadhaa wa vyama vya wafanyakazi walikamatwa, TFL ikavunjwa, na sheria ikaunda chama kimoja, NUTA, ambacho katibu mkuu wake aliteuliwa na Rais. Wa kwanza, Michael Kamaliza, alikuwa papo hapo Waziri wa Kazi. Mgomo ulikuwa umekwisha kubanwa na sheria ya mwaka 1962. Ninyi mnaomsifu Maurice kwa kuchukia mapambano ya matabaka mfikirie jambo hilo: pale ambapo ushirikiano unatangazwa kuwa umekwisha kupatikana, mfanyakazi anayegoma huonekana msaliti.

Mwalimu Mstaafu amejibu:

Sikumsifu Maurice, Mpiga Chapa, lakini hoja yako ninaikubali, na mfanano huo una mizizi. Katika kijitabu chake cha 1962 kuhusu ujamaa, Nyerere alieleza kwamba ujamaa wa Ulaya ulizaliwa na mgongano wa matabaka, ilhali wetu ungeanzia kwenye familia iliyopanuliwa. Maurice naye alianzia kwenye familia ya binadamu chini ya Baba mmoja. Sisemi kwamba mmoja alimwiga mwingine. Ninasema kwamba nadharia inayoanza na familia hupata tabu kumweleza mtoto anayedai haki yake kwa nguvu. Mwongozo wa TANU wa 1971, uliowakataza viongozi kiburi na dharau, ulifuatwa na migomo mingi viwandani, kwa sababu wafanyakazi waliyasoma maneno yale na kuyachukulia kwa uzito kuliko walivyotarajia wakubwa.

Sasa KNCU. Hapa yule katibu wa tawi amekaribia ukweli, ingawa amefupisha njia mno. Ludlow na mwenzake Edward Vansittart Neale walihangaikia sheria ya mwaka 1852 iliyoupa ushirika wa Uingereza hadhi ya kisheria kwa mara ya kwanza, na huo ndio urithi wao uliodumu kuliko karakana zote. Sheria za ushirika za makoloni, hata hivyo, zilifuata zaidi mfano wa sheria ya India ya 1904, ambayo iliazima mengi kutoka Ujerumani kwa Friedrich Wilhelm Raiffeisen, meya Mprotestanti aliyewaunganisha wakulima wakopeshane wenyewe kwa sababu za imani yake. Raiffeisen hakuwa mjamaa. SACCOS, yaani vyama vya akiba na mikopo, za sharika na parokia zilizojaa Kilimanjaro ni wajukuu wake kuliko kuwa wajukuu wa Maurice.

Na juu ya yote hayo, Wachaga hawakungoja kufundishwa. Chama chao cha wakulima wa kahawa, KNPA, kilianza mwaka 1925, miaka 7 kabla ya sheria ya ushirika ya Tanganyika, wakati walowezi walipokuwa wakishinikiza Waafrika wasiruhusiwe kulima kahawa. KNCU ya mwaka 1933 iliwekwa juu ya msingi huo, safari hii chini ya jicho la serikali.

Kijana wa Kibosho ameuliza tena:

Ninawashukuru sana. Ninabaki na swali moja: je, hakuna hata kiongozi mmoja wa dini wa kundi hilo aliyewasemea wafanyakazi wa huku kwetu, badala ya wale wa London?

Binti wa Marangu amejibu:

Yupo, naye ni Askofu Frank Weston wa Zanzibar, Mwanglikana, aliyeshika kiti hicho kuanzia mwaka 1908 hadi kifo chake mwaka 1924. Gavana wa Kenya alipotoa waraka mwaka 1919 wa kuwataka maofisa na machifu wawahimize Waafrika kwenda kufanya kazi katika mashamba ya walowezi, maaskofu wa Mombasa na Uganda pamoja na mkuu wa misheni ya Waskoti walitoa tamko lililolalamikia namna ya utekelezaji, lakini lililokubali kazi ya lazima endapo itawekewa masharti ya sheria. Weston alilikataa tamko hilo la ndugu zake katika imani, akaandika kijitabu mwaka 1920 kinachowaita Waafrika hao watumwa wa Uingereza, na kampeni ambayo yeye na wamisionari wengine waliifanya London ilisaidia kuifanya serikali iwakataze maofisa wake, mwaka 1921, kuwatafutia waajiri binafsi vibarua. Ni Weston huyuhuyu aliyewaambia Waanglikana wenzake London mwaka 1923 kwamba hawawezi kudai kumwabudu Yesu katika tabernakulo kama hawamhurumii Yesu katika mitaa ya maskini.

Wakati huo vibarua wa mashamba hayo hawakuwa na chama chochote cha kuwasemea.