UZI WA MALALAMIKO: Chungwa letu tutaliuza kwa macho mpaka lini? Mizani iko wapi?

Wakuu, kila msimu kilio ni kilekile: bei imeanguka, Wakenya wametulalia, madalali wametumaliza. Mimi nasema tuanze na sisi wenyewe. Tunauza kitu tusichokipima, tena kwa mtu anayejua uzito wake kabla hajashuka kwenye gari.

Chukueni machungwa ya Muheza, kule Tanga. Yanauzwa kwa idadi. Mnunuzi anataja bei ya chungwa moja, mkulima anakubali, vijana wanachuma na kuhesabu, fuso linajaa, linaelekea mpakani Horohoro kuvukia Lunga Lunga, Kenya. Kila mtu anaona hesabu imekaa sawa. Haijakaa sawa hata kidogo! Chungwa lenye upana wa milimita 80 lina kama gramu 250. La milimita 65, ambalo kwa macho utasema ni "dogo kidogo tu", lina kama gramu 135. Upana umepungua sentimita moja na nusu, uzito umepungua karibu nusu, kwa sababu tunda la duara likinenepa linanenepa pande zote. Machungwa elfu moja ya aina ya kwanza ni kilo 250, ya aina ya pili ni kilo 135. Bei ya chungwa haijabadilika. Mchambuaji wa mnunuzi anasimama chini ya mti, makubwa yanapanda gari, madogo yanatupwa pembeni. Na hayo yaliyotupwa pembeni hayaozi shambani, yanaletwa Dar yakiwa yamerundikana, yanaua bei ya mjini nayo. Yaani mkulima mmoja anapigwa mara mbili kwa mti mmoja.

Sasa nendeni kwa muuza matufaa ya Afrika Kusini muangalie katoni yake. Ubavuni pameandikwa aina ya tunda, daraja, uzito, na namba: 100, 113, 125, 138. Hiyo namba ni idadi ya matunda ndani ya katoni, kwa zile za kilo 18 na ushee. Namba ikipanda, tunda ni dogo. Mwenye duka anaagiza kwa simu, "nipe katoni kumi za 113", na bila kufungua hata moja anajua kila tufaa lina kama gramu 160, anajua atauza shilingi ngapi na atabaki na nini. Hakuna wa kumdanganya. Chungwa letu likifika kwenye tenga halina hata herufi moja. Aliyelipanda, aliyelibeba na atakayelila wote wanakisia, na anayekisia vizuri kuliko wote ni dalali.

Aprili 2025 Waziri wa Kilimo wa wakati huo, Hussein Bashe, alipozuia mazao kutoka Afrika Kusini na Malawi, mitandaoni tulishangilia sana. Ndizi zetu zilikuwa zimefungiwa mlango Afrika Kusini miaka mingi, na Malawi nao walikuwa wamezuia bidhaa zetu, kwa hiyo hasira ilikuwa ya haki kabisa. Baada ya siku chache nchi zikazungumza, zuio likaondolewa. Lakini niambieni, mlango ukiwa wazi tunapeleka ndizi gani? Biashara ya ndizi duniani inakwenda kwa chane zilizooshwa utomvu na kupangwa kwenye katoni ya kilo 18. Pale soko la ndizi la Mabibo, Dar, paitwapo Mahakama ya Ndizi, bado tunauza kwa mkungu, na mkungu mmoja unaweza kuwa wa kilo 15, jirani yake wa kilo 40.

Na hii ya kutopima haiishii kwa mnunuzi, inakufuata njiani. Mwaka 2017 sheria ilishusha ushuru wa mazao, ikasema mzigo usiozidi tani moja unaotoka halmashauri moja kwenda nyingine hautozwi. Nzuri sana. Tani moja ya machungwa ni matunda mangapi? Kama ni makubwa, 4,000. Kama ni madogo, zaidi ya 7,000. Karani wa kizuizi cha ushuru barabarani akikwambia umezidisha, utamjibu nini, una tenga tu? Mpakani ni hivyohivyo. Chungwa lililolimwa Tanzania halidaiwi ushuru wa forodha kuingia Kenya, na mzigo usiozidi dola 2,000 unapata cheti rahisi cha uasili cha Jumuiya ya Afrika Mashariki palepale mpakani, pamoja na cheti cha afya ya mimea kutoka TPHPA, mamlaka ya afya ya mimea na viuatilifu. Ila thamani ya mzigo inatoka kwenye uzito na bei. Usipokuwa na kilo wala risiti, thamani atakupangia mwingine, na wa kukusindikiza "akusaidie" hakosekani.

Lumbesa nayo, yaani gunia lililojazwa kupita kiasi, isiguswe? Sheria ya Vipimo imeweka ukomo wa kilo 100 kwa gunia la mazao. Kile kilemba cha wavu kinachoshonwa juu ya gunia ni jasho la mtu, mzee wangu, wala si zawadi kwa mnunuzi.

Kuna na kosa letu la uchumaji, nalo linanikera. Chungwa linanyofolewa, kile kikonyo kinang'oka na kuacha kidonda, ukungu wa kijani unaingilia hapo, siku ya nne mzigo unanuka. Kata kwa mkasi, kikonyo kibaki kifupi kwenye tunda. Na mnunuzi akishusha bei eti "bado bichi" kwa sababu ganda ni la kijani, mkatalie: huku kwetu usiku hauna baridi ya kulifanya ganda liwe la njano, hata tunda likiwa limeiva. Likate aonje. Kama ni bichi kweli, msichume, maana chungwa haliivii kwenye gari kama embe au ndizi.

Ninachodai ni hiki. Vikundi vya Muheza vinunue pete za kupimia upana, ya milimita 65, ya 72 na ya 80, hata fundi wa kuchomelea anaweza kuzikata kwa bati. Madaraja matatu, kila daraja kreti lake, kila kreti lipimwe, bei itajwe kwa kilo. Uongozi wa masoko ya Dar uweke mizani langoni na utangaze bei ya jumla kila asubuhi kwa kilo, badala ya tenga. Na mizani iwe na stika ya Wakala wa Vipimo ya mwaka huu. Isipokuwa nayo, kreti lisipande gari.