Nimezidisha rejesho la mkopo wa nyumba mara miezi yote nikashtuka, hesabu yangu iko sawa?

Mpangaji_wa_Kudumu

Habari zenu wakuu. Mimi na mwenzangu tumechoka kupanga, tukasema safari hii tukope tununue kwetu. Tumeenda benki tukapokelewa vizuri tu, afisa mikopo akabonyezabonyeza kompyuta akatuambia riba ni 12%, miaka 25, rejesho 1,053 kwa mwezi. Mkopo wenyewe nauweka laki moja kamili ili hesabu iwe rahisi, we weka hela yoyote unayotumia. Tukaangaliana tukaona 1,053 tunaiweza, haipishani sana na kodi tunayolipa sasa hivi.

Sa mwenzangu akapiga hesabu ya kichwani pale pale, 12% ya laki moja ni 12,000, kwa hiyo tutarudisha 112,000, akasema mbona nafuu. Tumetoka pale tunacheka. Usiku nikakosa usingizi nikachukua simu nikazidisha 1,053 mara miezi 300 ikaja karibu 316,000. Nikafuta nikazidisha tena, ile ile. Yaani nakopa nyumba moja nalipa nyumba tatu?

Naomba anayejua anisaidie, nimekosea wapi? Na kama sijakosea huu si wizi kweli? Halafu kuna gharama gani zingine ambazo hawa watu hawasemi mpaka ushasaini?

Kalkuleta

Hujakosea mkuu. Hasa hasa ni 315,967.

Aliyekosea ni mwenzio na wala asijisikie vibaya, wengi wanaanguka hapo hapo. Ile 12% ni ya KWA MWAKA, na inapigwa kwenye deni lililobaki kila mwezi. 12 gawa kwa 12 ni 1% kwa mwezi. Mwezi wa kwanza unadaiwa laki nzima kwa hiyo riba ya mwezi huo peke yake ni 1,000. Umelipa 1,053, toa 1,000, deni lenyewe limepungua 53. Hamsini na tatu tu! Mwezi wa pili riba inapigwa kwenye 99,947, inashuka kidogo sana, na ule upungufu kidogo ndo unaongezeka kwenye kupunguza deni, inaenda hivo hivo taratibu mno.

Mwisho wa mwaka wa kwanza utakuwa umetoa mfukoni 12,639 na deni limeshuka 675. Baada ya miaka 10 umeshalipa 126,000 na ushee, yaani zaidi ya ulichokopa, na bado unadaiwa 87,757. Nusu ya deni unaifikia katikati ya mwaka wa 20. Miaka mitano na kidogo ya mwisho ndo inakula nusu nyingine yote.

Usiniamini mimi, fungua Excel andika =PMT(0.01,300,-100000) uone kama haitoki 1,053.

Na sio wizi. Umekaa na hela ya mtu robo karne, kila mwezi anakudai ujira wa ile iliyobaki mkononi mwako. Kinachouma ni muda kuliko hata riba. Angalia, mkopo ule ule riba ile ile:

miaka 25, rejesho 1,053, jumla 315,967
miaka 20, rejesho 1,101, jumla 264,261
miaka 15, rejesho 1,200, jumla 216,030

Kutoka 20 kwenda 25 umepunguziwa 48 kwa mwezi, umeongezewa elfu 51 na mia saba juu. Afisa alikupa 25 kwa sababu umemuuliza "kwa mwezi ngapi" hukumuuliza "mpaka mwisho ngapi".

Mpangaji_wa_Kudumu

Aisee. Hiyo ya 48 kwa mwezi imenimaliza kabisa.

Mama_Wawili

Pole mdogo wangu, mimi hilo nimelijua nikiwa ndani tayari. Mwaka wa sita nikaenda benki kuomba stetimenti nikijua deni litakuwa limeshuka hata robo, maana nilikuwa sijawahi kuruka mwezi hata mmoja, nimejinyima vitu vingi. Nikakuta halijapungua hata sehemu ya kumi. Nikamwambia yule binti wa kaunta mmekosea faili, sio langu hili. Lilikuwa langu.

Ila mimi nataka kusema lingine, ulimuuliza hiyo 12 ni ya kudumu au inapanda na kushuka? Mimi sikuuliza. Kwenye mkataba kulikuwa na mstari mmoja tu kwamba benki inaweza kurekebisha riba, basi, nikasaini. Walivyorekebisha nikapata meseji kwenye simu usiku, rejesho jipya kuanzia mwezi ujao ni hili, na mimi nina ada za shule za watoto mwezi huo huo. Sikulala.

Piga hesabu kwa huo mkopo wako, ikienda 13 tu mwanzoni riba ya mwezi inakuwa 1,083. Rejesho lako la 1,053 halitoshi hata kulipa riba peke yake!! Usipoongeza deni linakua huku unalipa. Kwa hiyo lazima wakupandishie, na usidhani wanakuomba.

Kalkuleta

Dada yuko sahihi kabisa na ikienda 14 ukiwa bado mwanzoni rejesho linakuwa kama 1,204. Sio mambo ya kufikirika. Uingereza riba ya benki kuu yao ilikuwa 0.1% mpaka Desemba 2021, kufika Agosti 2023 iko 5.25%, na kule watu wengi riba yao imefungwa, yaani haibadiliki, miaka miwili au mitano tu halafu inapangwa upya. Mtu kalala na rejesho moja kaamka na jingine.

Bwana_Mbishi

Mnamtisha mtu bure. Hizo jumla mnazojumlisha ni hesabu ya darasa la nne, mnachukua shilingi ya leo mnaijumlisha na shilingi ya mwaka wa 25 kama vile ni kitu kimoja. Bei zikipanda 5% kwa mwaka, ile 1,053 atakayolipa baada ya miaka 20 itanunua vitu vya kama 397 vya leo. Mshahara wake utakuwa umepanda, rejesho liko pale pale linazidi kuwa jepesi. Na kodi je? Mbona hamjumlishi kodi ya miaka 25 ambayo inapanda kila mwenye nyumba akijisikia, na mwisho unatoka na mabegi tu? Mimi nimekopa miaka mirefu makusudi na nalala usingizi mzuri.

Kalkuleta

Mbishi hoja yako ina ukweli ndani yake ila umeruka masharti mawili. Rejesho linazidi kuwa jepesi kama riba IMEFUNGWA, sasa bei zikipanda sana benki kuu ndo hupandisha riba, na kama mkopo wako unafuata soko rejesho linapanda pamoja na hizo bei. La pili mshahara upande kweli, wengine hapa mshahara ni ule ule toka tuajiriwe.

Ya kodi nakubali. Mpangaji asilinganishe 316,000 na sifuri, alinganishe na kodi ya miaka hiyo hiyo. Ila kwenye upande wa nyumba aweke kila kitu, sio rejesho peke yake.

Bwana_Mbishi

Yangu imefungwa. Sawa hapo umenipata kidogo, kidogo tu.

Karani_Mstaafu

Nimekaa upande wa pili wa ile meza miaka mingi, nimestaafu sasa naongea.

Kijana ulizia kwanza riba ni ya aina gani. Hao wamekupigia ya salio linalopungua, yaani inapigwa kwenye deni lililobaki tu, ndiyo ya haki. Kuna ya flati, hii inapigwa kwenye mkopo wa mwanzo mpaka siku ya mwisho hata kama umebakiza kumi. Mtu anaona tangazo la 7% ya flati miaka 20 anaikimbilia kwa sababu jirani kachukua 12. 7% flati ya laki moja kwa miaka 20 ni riba 140,000, rejesho 1,000 kwa mwezi, na ukiigeuza kuwa ya salio linalopungua ni kama 10.5%. Bado iko chini ya 12 lakini sio 7 hata kidogo! Tulikuwa tunaulizwa swali hilo mara chache mno.

Halafu ada. Ada ya kushughulikia mkopo, mthamini, wakili, ushuru wa stempu, kusajili rehani kwenye hati, bima ya maisha ya mkopaji, bima ya moto. Kila moja unaambiwa ndogo tu hii. Wengi hawana hela taslimu kwa sababu kianzio, ile hela unayotanguliza mwenyewe, kimeshawamaliza, basi tunawaambia msijali tunaziingiza kwenye mkopo. Mteja anafurahi anashukuru kabisa. Ada ya 2,000 ukiiingiza kwenye huo mkopo wako wa 12% miaka 25 unailipa 6,319. Lipa ada mfukoni hata kama itakubidi usubiri miezi sita.

Ukishahamia kuna kodi ya majengo na kuna ukarabati. Paa linavuja ukiwa mpangaji unampigia simu mwenye nyumba, sasa hivi mwenye nyumba ni wewe. Wengi hutenga kama 1% ya thamani ya nyumba kwa mwaka, nyumba kuukuu tenga zaidi.

Na usikope kwa hela ambayo hulipwi nayo mshahara, hata riba ikiwa ya kuvutia namna gani. Watu wa Poland na Hungaria walikopea nyumba kwa faranga za Uswisi kwa sababu riba yake ilikuwa chini, faranga ikapanda thamani, na wale wa Poland Januari 2015 wakaiona inaruka kwa siku moja, deni likapanda bila mtu kukopa senti nyingine.

Mpangaji_wa_Kudumu

Asante mzee wangu. Sasa kama tukikwama na 25 hakuna kingine cha kufanya? Na nimesikia unaweza kuhamishia mkopo benki nyingine yenye riba ndogo.

Karani_Mstaafu

Kipo, kulipa zaidi mapema. Hizo 1,053 ongeza 100 kila mwezi toka mwanzo, mkopo unaisha miezi 203, yaani miaka 16 na miezi 11, badala ya 25. Unaokoa kama 82,000. Mia hiyo hiyo ukianza kuiongeza mwaka wa 20 haikusaidii sana maana riba kubwa imeshalipwa. Ila soma mkataba kama kuna faini ya kulipa kabla ya muda, wengine wanatoza asilimia fulani. Na ukipeleka hela ya ziada andika barua kwamba ni ya KUPUNGUZA DENI LA MSINGI, yaani ile hela yenyewe uliyokopa sio riba, baki na nakala yenye muhuri. Usipoandika kuna sehemu wanaihesabu kama marejesho ya miezi ijayo, inakaa pale tu, riba inaendelea kama kawaida.

Kuhamisha mkopo angalia saa isianze upya. Tuseme umelipa miaka 10 unadaiwa 87,757, benki nyingine inakupa 10% lakini miaka 25 mingine. Rejesho linashuka mpaka 797, unashangilia. Zidisha: 239,000 na zaidi. Ungebaki ulipo ulikuwa umebakiza 189,580. Umepata riba ndogo ukaongeza gharama kwa karibu elfu 50. Hama kwa miaka 15 ile ile iliyobaki, rejesho 943, hapo unaokoa karibu elfu 20 kabla ya kutoa ada za kuhama, na ada za kuhama ni zile zile nilizotaja juu, zinaanza moja tena.

Mama_Wawili

Hiyo ya barua na muhuri mzee ungekuwepo miaka ile ungeniokoa. Mimi nililipa ziada mwaka mzima kumbe inakaa tu.

Mpangaji_wa_Kudumu

Wakuu nimerudi. Tumeenda tena benki, safari hii na karatasi ya maswali. Nikaomba jedwali la marejesho la 15, 20 na 25, mwezi kwa mwezi mpaka mwisho. Nilidhani wataleta longolongo, afisa kaprinti zote tatu dakika mbili, zilikuwa kwenye kompyuta ile ile muda wote. Riba sio ya kudumu, imefungwa miaka mitatu halafu inafuata soko. Faini ya kulipa mapema ipo ila ni kwa miaka miwili ya kwanza tu, na ni ukimaliza mkopo wote, ukipunguza kidogo kidogo haikuhusu, nimeonyeshwa kifungu chenyewe nimekipiga picha.

Tulichofikiria ni kusaini 20 rejesho 1,101 halafu tulipe 1,200 kama watu wa 15, mwezi mbaya ukija turudi kwenye 1,101 bila kudaiwa. Ada tunalipa taslimu kwa hiyo tumesogeza miezi minne mbele. Mwenzangu anasema bora tutafute nyumba ndogo zaidi ya hii, hapo ndo bado tunabishana.

Kalkuleta

Mpango mzuri, ile 99 ya ziada ndo inakurudisha kwenye miaka 15. Ila piga hesabu hiyo 1,101 kwa 15% kabla hujasaini, maana mwaka wa nne hujui utakuta nini. Kama mkiona hamuiwezi, mwenzio kashinda ubishi.

Bwana_Mbishi

Msikilize mwenzio.