Nimeitwa DCI (polisi wa upelelezi wa jinai) juu ya slipu feki za wateja wa mkopo, naweza kuomba dhamana kabla sijashikwa?

mzee_wa_mafaili: Wadau habari zenu. Mimi ni wakala wa mikopo hapa Nairobi, si mwajiriwa wa benki, nakula komisheni tu, faili ikipita unalipwa isipopita umejichomea nauli. Mwaka jana nilipeleka mafaili 6 ya wateja niliounganishiwa na jamaa mmoja, slipu za mshahara ziko, barua ya mwajiri iko, mkopo ukatoka, wakalipa miezi miwili wakapotea. Benki kupigia mwajiri, wanaambiwa hao watu hatuwajui. Mwenzangu wa timu alibebwa Ijumaa saa kumi na moja jioni akalala seli hadi Jumatatu, na jana mimi nimepigiwa na mtu anajiita afisa wa DCI ati nipite "tuongee kidogo". Hakuna barua, hakuna nini. Nasikia kuna dhamana ya kabla ya kukamatwa, inaombwa korti gani? Na nikiipata kesi inaisha?

wakili_wa_mtaa: Pole ndugu. Ni Mahakama Kuu peke yake, hakimu hana uwezo huo. Hutaipata imeandikwa kwa jina kwenye sheria ya mwenendo wa jinai, majaji wameitoa kwenye Katiba, kwa hivyo wanaipima kwa ukali. Kuogopa tu hakutoshi. Lazima hati yako ya kiapo ionyeshe polisi wanakiuka haki zako au wako karibu kuzikiuka, kwa hivyo andika hiyo namba, siku, saa na maneno aliyosema, na yaliyompata mwenzako. Mpelelezi akitaka maelezo yako, kifungu cha 52 cha sheria ya polisi kinasema anakuita kwa maandishi, mwombe hiyo karatasi kwa heshima. Ukiitwa vizuri na ukakimbilia kwa jaji atakuuliza unakimbia nini.

Na haimalizi kesi! Mara nyingi unaambiwa weka pesa au leta mdhamini halafu uripoti kwa mpelelezi, uchunguzi unaendelea kama kawaida. Unachookoa ni zile usiku za seli. Kuhusu Ijumaa, Ibara ya 49 ya Katiba inasema ufikishwe kortini ndani ya saa 24, lakini zikiisha korti imefungwa unangoja siku ya korti inayofuata, ndio maana kamata kamata ya Ijumaa haikosi wateja.

dada_komisheni: Nilifanya hii kazi miaka minne na nikaitwa pia. Sikuulizwa mambo ya dhamana. Afisa alifungua faili akaweka kidole kwenye ule muhuri wa "nimeona orijino" akaniuliza hii sahihi ni yako? Orijino uliionea wapi? Nilinyamaza kama maji ya mtungi. Wewe uliziona kweli?

mzee_wa_mafaili: Dada nisidanganye, zilikuja picha za WhatsApp, nikaprinti, nikagonga muhuri jioni nikikimbiza tageti ya mwezi. Sasa ndio nazitazama vizuri naona slipu mbili za watu tofauti zina namba moja ya mfanyakazi 😭

kijana_wa_thika: Lipeni tu hilo deni na huyo jamaa, benki ikipata pesa yake hakuna kesi.

wakili_wa_mtaa: Hapana bosi. Kifungu cha 193A cha sheria ya mwenendo wa jinai kinasema kuwepo kwa madai ya pesa hakuzuii kesi ya jinai, na mwenye kuamua mashtaka si benki, ni ODPP, ofisi ya mkurugenzi wa mashtaka ya umma. Ukilipa kiholela bila wakili inaweza kusomwa umekiri.

Mzee wa mafaili, kosa la kutoa hati feki linataka ithibitishwe ulijua na ulikusudia ulaghai. Uzembe wa muhuri ni mbaya ila si kitu kimoja na kujua, kwa hivyo hizo meseji za yule jamaa akikutumia picha ndizo ngao yako. Usifute hata emoji. Na usiandike maelezo polisi bila wakili, haki ya kunyamaza unayo. Afisa akikuitisha "ya chai" afunge faili, usitoe, utakuwa umeongeza kesi ya pili.

dada_komisheni: Na utafute mdhamini mapema, wataitisha hati ya shamba ama slipu ya mshahara. Ya ukweli lakini 😂

mzee_wa_mafaili: Haki dada unanichekesha na roho iko mkononi. Nimempigia yule afande nikamwomba aniandikie barua, akakata simu. Kesho saa mbili niko kwa wakili, simu nimeifungia kwa kabati nisije nikashawishika kufuta kitu.