Nachora kwa unga wa sembe, kampuni ya Dar inanitaka storibodi. Nisaini?

Kijana wa Iyunga:
Wakubwa shikamooni, wengine habari za jioni. Nipo Mbeya, nina miaka 27. Mchana nauza steshenari Mwanjelwa, usiku natengeneza animesheni. Siyo katuni mlizozoea. Nimelaza kioo cha dirisha juu ya matofali, chini yake taa ya sola, juu namwaga unga wa sembe. Naupanga kwa kidole na kijiti mpaka unakuwa mtu, napiga picha kwa simu, nausogeza kidogo, napiga tena. Picha 12 ndiyo sekunde moja. Filamu yangu ya kwanza ina dakika 2 na sekunde 10, yaani picha 1,560, na imenila miezi mitano. Ukipiga chafya, jioni yote imekwenda. Mama alishazoea, ila bei ya debe ilipopanda alisema hao watu wangu wa unga nao waanze kuchangia mahindi.

Sasa kuna kampuni ya matangazo Dar imeona vipande vyangu. Wanataka niwachoree storibodi, yaani michoro ya kupanga tangazo kabla halijarekodiwa: shilingi 3,000 kwa fremu (mchoro mmoja), mkataba wa miezi 24, nihamie huko. Baba anasema nisaini hata kesho. Kuna mstari unasema "kazi zote za sanaa atakazobuni msanii katika kipindi cha mkataba zitakuwa mali ya kampuni." Nadhani ndiyo lugha yao wanasheria. Nisaini?

Mnyalu Mkimya:
Saini mkuu. Unga ni wa kula.

Ndizi za Tukuyu:
Tupia video kwanza, usituache na mate mdomoni.

Fundi Fremu:
Usisaini. Nipo Iringa, Kihesa, mwaka wa tisa nachora storibodi, na mstari huo ndio wa kuuogopa kuliko bei. "Kazi zote" maana yake hata mtu wako wa unga, uliyemchora saa sita usiku kwa sembe ya mama yako, ni wao. Waambie waandike "kazi zitakazoagizwa na kampuni kwa maandishi". Wakikataa, umeshajua walikuwa wanataka nini.

Filamu uliyomaliza ni yako tayari. Sheria ya hakimiliki ya 1999 inailinda tangu ulipoitengeneza. Ila nenda kaisajili COSOTA, ofisi ya hakimiliki, siku mkigombana uwe na karatasi mkononi.

Bei nayo ina mtego. Hiyo 3,000 ni ya mchoro wa penseli au wa rangi? Marekebisho mara ngapi? Tangazo langu la mwisho la sekunde 30 lilikuwa na fremu 18. Mwenye bidhaa akaamka asubuhi akataka dada wa kwenye tangazo awe babu. Nikarudia fremu 11 bure, kwa sababu sikuwa nimeandika popote kwamba marekebisho ya pili yanalipiwa. Kwa bei yako hiyo, fremu 18 ni 54,000. Utakula Dar siku ngapi? Dai nusu kabla hujashika penseli.

Na kuhamia kwa nini? Krita, programu ya kuchorea, ni ya bure, michoro inakwenda kwa baruapepe. Mimi sijatoka Kihesa na joto lile sitaki kulisikia.

Bibi Mchoraji:
Fundi nakuheshimu, lakini kwenye kuhama napingana na wewe. Storibodi siyo kuchora vizuri. Ni kujua kamera isimame wapi, lini umwonyeshe mtu uso na lini umfiche. Hayo huyapati kwa baruapepe, unayapata ukikaa chumba kimoja na mwongozaji anayekufutia fremu sita mbele ya watu. Miezi mitatu tu, mwanangu, halafu urudi kwenye baridi yako.

Kioo usikiache lakini. Caroline Leaf alianza na mchanga juu ya kioo miaka ya 1960 akiwa mwanafunzi Marekani, baadaye akachukuliwa na bodi ya filamu ya taifa ya Kanada. William Kentridge wa Johannesburg anachora kwa mkaa, anafuta, anachora palepale, alama za kufuta zinabaki kama kivuli. Mkaa! Huko Mbeya utaukosa?

Dada wa Mpakani:
Hapo ng'ambo ya Tunduma tu, Mzambia Malenga Mulendema alishinda shindano la hadithi la Triggerfish, studio ya animesheni ya Cape Town, 2015. Mfululizo wake wa katuni ukaonekana Netflix 2023. Hesabu mwenyewe miaka.

Halafu filamu usiimwage yote YouTube. Matamasha mengine hayapokei iliyokwisha kuonyeshwa. Anza na ZIFF ya Zanzibar, hapo ni nyumbani.

Mnyalu Mkimya:
Nafuta kauli yangu. Unga wa dona unafaa?

Kijana wa Iyunga:
Dona ina pumba, inatoa madoadoa, ila kwa nywele za wazee ni nzuri sana.

Nimewapigia leo. Mstari wamekubali kuubadilisha, walisita kidogo tu. Bei wamegoma, marekebisho ya pili watalipa nusu. Naanza na tangazo moja la sabuni nikiwa hukuhuku. Bibi, ya miezi mitatu bado nayatafakari, baba nimemwambia nusu ya habari. Upepo umetulia, ngoja nikamalizie mkono wa kulia.