Kesi ya shamba la baba imetupwa kwa kuwa sikufika. Nifungue nyingine?

MwanaLikoni:
Asalam aleikum ndugu zangu. Jumanne usiku wakili wangu aliniandikia: "Mama, usijisumbue na feri, kesho ni kutajwa tu." Nikabaki nyumbani nakuna nazi. Kutajwa ni kupanga tarehe tu; kumbe ilikuwa siku ya kusikizwa kesi yenyewe! Wakili wa upande wa pili alikuwako, wangu hakutokea, na jaji akaitupilia mbali. Miaka sita nimevuka kwenda kortini na bahasha ya kaki yenye risiti za baba, mpaka imechanika pembe. Simu yangu wakili hashiki tena. Jirani aniambia nifungue kesi mpya. Nifanyeje?

KaraniMstaafu:
Waaleikum salaam mama, na pole sana. Usifungue kesi mpya! Hapo ndipo wengi hupotelea. Kwa Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za Kenya za 2010, Agizo la 12, mngekosa kufika nyote wawili ungeweza kuanza upya, au kuomba ile ya zamani irudishwe. Lakini mwenzio alifika. Kesi ikitupwa namna hiyo, kanuni ya 6 yakataza kuleta nyingine kwa dai lilo hilo. Mlango wako ni kanuni ya 7: waomba jaji aiondoe amri ile. Peleka ombi pamoja na hati ya kiapo, na ule ujumbe wa wakili uambatanishe. Je, bado unao? Na usikawie, kwa sababu jaji atahesabu siku ulizokaa kimya. Aweza pia kukuamuru umlipe mwenzio gharama za siku ile.

Kisauni_Kwetu:
Mama, taja Kifungu cha 159 cha Katiba. Chasema haki isikwamishwe na ufundi wa taratibu.

KaraniMstaafu:
Akitaje, lakini asikiegemee hicho peke yake. Tangu uamuzi wa kesi ya Mbogo na Shah, 1968, korti huuliza: ulikosa kufika kwa bahati mbaya au kosa la kusameheka, ama wakusudia kuchelewesha haki? Na mara nyingi majaji husema kesi ni ya mwenyewe, si ya wakili. Kwa hivyo mama, andika kwenye kiapo kila ulivyoifuatilia miaka hiyo sita.

MwanaLikoni:
Ujumbe upo, wa saa mbili na dakika kumi usiku. Mwanangu ashaenda kuupiga chapa. Tarehe zote nilikuwa naziandika nyuma ya ile bahasha. Kesho alfajiri navuka, inshallah.